Niliwashangilia Waliotufunga

Timu yetu ya taifa ilitolewa kwenye nusu fainali, na siku ya fainali kijiji chetu kizima cha Kibabi kiliamua kuwachukia waliotutoa. Mimi nilikataa. Nafuga ng'ombe, na kwetu Masisi dume langu likipigana na dume la mwenzangu malishoni likashindwa, silitukani lile lililoshinda. Naliombea liyapige madume yote ya kilima, ili langu lisemwe lilishindwa na mkubwa.

Basi nikaketi mbele ya televisheni ya jirani yangu, jenereta ikinguruma nje, katikati ya wanaume walionuna. Wale waliotutoa walipofunga bao, nilipiga vigelegele peke yangu.

"Mama, uko na akili kweli?" jirani akanifokea. "Hawa njo walitufunga!"

"Njo maana nataka wachukue kombe," nikamjibu. "Ao unataka tuwe tulifungwa na timu ya bure?"

Wanaume walicheka. Yeye hakucheka. Naye ana dume, na msimu uliopita langu lilikuwa limelikimbiza hadi bondeni, watu wote wakitazama.

Filimbi ya mwisho ilipolia, waliotufunga wakanyanyua kombe. Jirani yangu ndiye aliyesimama wa kwanza. Alipiga makofi kwa nguvu, uso bado umekunjamana, kisha akanigeukia.

"Mama," akasema, "lile dume lako ulilishe muzuri. Nisisikie hata siku moja limeshindwa."