Kutojiandaa, Neno Nililoliandika Ubaoni

Msinionee huruma, nilijitakia. Mimi hufundisha Kiswahili huku Matisi, Kitale, wanafunzi tisini darasani tangu masomo yafanywe ya bure. Jumatatu hiyo Nekesa wa darasa la saba alikuja bila daftari, nikamsimamisha ukutani mbele ya wenzake. Nikaandika ubaoni: KUTOJIANDAA.

"Si kusahau," nikafoka. "Ni kuijua kazi ya leo tangu jana, na usiifanye. Ni dharau!"

Nikiwa bado natoa mifano, mwalimu mkuu akaingia na mkaguzi. Mkaguzi akasoma ubao, akatabasamu, akaomba andalio la somo.

Sikuwa nimeandika hata moja tangu shule ifunguliwe. Nikampa faili niliyoazima kwa binamu yangu, mwalimu kule Bumula. Jalada nilikuwa nimelibadilisha, maana wakaguzi hutazama jalada tu, wakapiga muhuri.

Huyu akafungua ndani.

"Mwalimu, si hapa ni Kitale? Mbona kila ukurasa unaniambia tuko Bumula, tena mwaka jana?"

Darasa zima likatazama ubao, kisha likanitazama mimi. Hakuna aliyecheka. Aliyenimaliza ni Nekesa: bila kuambiwa, alisogea kando pale ukutani, akaniachia nafasi ya kusimama.