Jino Lisilouma

Nakumbuka asubuhi moja, mwanangu, nilikunywa uji wa ulezi ambao sikuustahili, na ladha yake ninayo mdomoni mpaka leo. Barua uliyonionyesha jana ndiyo imenirudisha huko. Umeitwa kambini kucheza na mwenzi mpya, na binti mliyeanza naye mchezo hajui lolote. Ukaniomba ninyamaze. Keti kwanza nikueleze kwa nini siwezi.

Mimi mpira wa vinyoya uliniweka mjini miaka kumi na miwili. Usicheke, ndiyo, bibi huyu huyu wa kuchimba tangawizi. Nilicheza wawili wawili na Naelijwa, msichana wa Same mjini, kwa shirika lililotuajiri Dar es Salaam. Yeye alikaa mbele karibu na wavu, mimi nyuma. Wa mbele hageuki, wewe unajua. Akigeuka kumtazama mwenzake, kinyoya kitamkuta usoni. Anasikiliza nyayo tu na kuamini kwamba upo.

Mwaka wa sita kocha aliniita pembeni. Alitaka kunipanga na mchezaji mmoja mrefu kutoka Arusha, twende mashindano ya nje. "Naelijwa nitamwambia mwenyewe," alisema. Nilifurahi, mwanangu, sikufichi. Nikashukuru pia kwamba mzigo wa kusema haukuwa wangu.

Wiki tatu nikawa nafanya mazoezi na Naelijwa asubuhi, na yule mwingine alasiri. Naelijwa nikamdanganya kuwa alasiri naenda kutibiwa jino. Unajua alifanya nini? Kila asubuhi alikuja ukumbini na chupa ya uji, ameupoza kidogo usije ukaniumiza. Nami nikaunywa kwa upande mmoja wa mdomo. Hata kuigiza niliigiza! Naona aibu kulisema, lakini ndivyo ilivyokuwa.

Kocha hakumwambia. Orodha ya wanaosafiri ikabandikwa mlangoni mwa ukumbi, na Naelijwa akaisoma mbele ya watu wote. Siku ile ile alifunga mizigo akarudi kwao.

Kabla ya safari nilipanda huku Mbaga kumuaga baba. Nilimkuta ndivani, kwenye bwawa letu la kumwagilia, akisafisha mlango wa maji. Nikamsimulia habari zangu, na ile ya Naelijwa nikaipitisha haraka haraka. Akaweka jembe chini.

"Zamu ya maji ikiwa yako, na jirani bado anamwagilia, unafanyaje?"

"Naenda kumwambia, baba, ndipo nageuza maji."

"Unamtuma mtu?"

"Hapana. Naenda mwenyewe."

"Hata kama zamu ni yako kweli?"

"Hata kama."

"Basi wewe umegeuza maji mwenzako akiwa ameinama shambani. Teremka ukamwambie. Usiniage mimi kwanza."

Hakupaza sauti. Afadhali angenigombeza. Huku kwetu anayegeuza maji kimya kimya hapigiwi kelele. Watu wanaacha tu kumwita kwenye msaragambo, ile kazi yetu ya pamoja, na mtu asiyeitwa kazini na majirani zake anabaki peke yake hata akiwa katikati yao.

Nikateremka Same. Naelijwa alikuwa anafua nguo za mama yake. Akafuta mikono, akanipa kigoda, yeye akakaa chini. Nikamweleza yote, hata la jino.

"Ungeniambia, ningelia siku mbili," alisema, "halafu ningekusindikiza stendi. Safari ni haki yako. Lakini miaka sita nimesimama mbele yako, sijageuka hata mara moja."

Nilimwomba msamaha huku nalia. Alinisamehe, na alinisamehe kweli. Ila hakurudi tena uwanjani. Mimi nilisafiri, nikacheza miaka sita mingine, nikapata vile vikombe unavyovifuta vumbi kabatini. Na kila aliyesimama mbele yangu nilimwona kama anataka kugeuka. Labda hakuwa na wazo hilo. Mimi ndiye niliyejua kwamba anayo sababu.

Siku za soko tunakutana, mimi na Naelijwa. Tunasalimiana vizuri, tunaulizana habari za wajukuu. Mpira hatujawahi kuutaja tena, na hilo linaniuma kuliko mechi zote nilizoshindwa.

Nenda kambini, mwanangu. Sikwambii ukatae; juhudi ni yako na nafasi ni yako. Ninachokukataza ni kumwacha mwenzako aende kuyajua kwenye karatasi. Mwambie wewe, kwa mdomo wako, kabla ya kocha, leo, akiwa bado anaweza kukulaumu usoni. Wala usimtungie uongo wa kumpunguzia uchungu, maana anayekupenda atakuuguza kwa uongo huo huo, nawe utashindwa kumtazama.

Mungu akutangulie njiani. Akupe mikono mepesi na magoti yasiyochoka. Akupe mwenzi asiyegeuka, na moyo wa kustahili mgongo wake.

Haya, namsikia mwenzako huyo uani anakuita mwende mazoezini. Naona amekuja na chupa ya chai. Usinywe kabla hujamwambia.