Mpagazi Mwenye Saa

Mkata filamu wetu, Mzaramo, hutundika vipande vya filamu shingoni kama fundi cherehani na futi yake, na akiona kosa husonya kwanza ndipo akate. Katika filamu ya misafara ya zamani ya Tabora, iliyoigizwa na wanakijiji wa ujamaa, alimkata mpagazi aliyebeba pembe huku amevaa saa ya mkononi. Tulipowapelekea filamu yao, mpagazi huyo alikuwa ameshafariki, na mjane wake, Bi Sikuzani, alisimama mbele ya pazia.

“Mtani, marehemu mume wangu umemtupa wapi?”

 Mkata filamu alirudi Dar es Salaam, akapekua kapu la mabaki, akamrudisha marehemu msafarani, saa ikimetameta. Wakubwa wetu walipoihoji saa hiyo, alisonya.

“Sasa wapagazi wangejuaje muda wa kupumzika?”