Padre Aliyeandika Vichekesho vya Sinema

Sifa ni kwa Mungu, aliyempa mwanadamu machozi na kicheko pia, akaniachia pumzi hadi uzee huu nipate kusimulia jambo moja la ujana wangu.

Katika miaka ya hamsini nilikuwa katekista wa parokia moja upande wa Tinde. Tuliletewa padre Mmarekani, mrefu, mkimya, aliyejifunza Kisukuma kwa bidii na kukikosea kwa bidii ileile. Siku moja, tukienda kigangoni kwa baiskeli, aliniambia kwamba kabla ya upadre aliandika vichekesho vya sinema kwao Amerika. Miaka tisa alikaa chumbani na wenzake watatu, wakibishana kama mtu aangukie mlangoni au dirishani.

"Hiyo nayo ni kazi ya mtu mzima, Padre?" nikamwuliza.

"Mama yangu aliniuliza hivyohivyo."

Alipoingia seminari aliiacha kalamu. Sasa hamu ilikuwa imemrudia, akataka kutunga mchezo mmoja wa kuchekesha, uchezwe watu wakishamaliza kuvuna pamba.

"Nataka kujua, Katekista, kama kipaji kile kilitoka kwa Mungu au kilikuwa ujana tu," alisema. "Watu wasipocheka, sitaandika tena."

Alinisimulia mchezo kwa Kiswahili, nami nikauandika kwa Kisukuma. Mwanamume anaishi nyumba moja na mama wa mkewe. Wanagombea kiti, wanagongana mlangoni, mwishowe anammwagia mama mkwe uji. Padre alisema kwao hakuna kicheko cha uhakika kuliko hicho.

Nilijua haifai. Kwetu ukimwona mama mkwe anakuja, unaiacha njia na kuingia porini mpaka apite. Hamtazamani, wala hamli pamoja. Lakini mimi nilikuwa nani hata nimsahihishe padre? Nilinyamaza, na kunyamaza kule nikakuita heshima.

Siku ilipofika, uwanja wa kanisa ulijaa. Uji ulipomwagika hakucheka hata mmoja. Akina mama walijifunika kanga usoni. Mzee aliyekaa mbele alisimama, akamwambia mkewe kwa upole, "Twende nyumbani. Hapa pana watu uchi." Wengine wakawafuata, na kabla mchezo haujaisha uwanja ulikuwa umebaki nusu.

Baadaye nilimkuta padre jikoni, amechuchumaa mbele ya mafiga, karatasi zake mkononi.

"Nimepata jibu langu," akasema.

"Padre, usizichome. Mwenye kosa ni mimi. Nilijua tangu siku ya kwanza." Nikamweleza habari za ukwe.

Alinigeukia. "Wiki tatu nzima ulijua?"

"Ndiyo, Padre."

"Na uji pia?"

"Hasa uji."

Mabega yake yakaanza kutikisika. Nilidhani analia, kumbe anacheka. Alipotulia akavuta kigoda. "Haya, nifundishe. Hapa kwenu mtu anamcheka nani bila kukosa adabu?"

"Babu yake," nikasema. Nikamwambia kwamba kwetu babu na mjukuu ni watani, na mjukuu humwita bibi yake "mke wangu" mbele za watu bila mtu kukasirika. Padre aligeuza karatasi zile upande mweupe, akaomba penseli.

Jumapili ya pili, baada ya Misa, tulicheza tena. Waliokuja walikuwa wachache, wameketi pembeni kama watu wanaojiandaa kuondoka. Mjukuu akaingia kumdai bibi.

"Babu, huyu mwachie mwenye meno."

"Meno ya nini? Huyu anapika ugali, hapiki mifupa."

Hapo bikizee mmoja, mjane, akapaza sauti kutoka kwa watazamaji: "Waondoeni wote wawili! Mimi namtaka mwenye ng'ombe!"

Watu walicheka mpaka wengine wakashikana mabega wasianguke, na waliokuwa wakipita barabarani wakageuka kuja kutazama. Nilichungulia nyuma ya shuka tuliyoitundika iwe pazia. Padre alikuwa amepiga magoti, karatasi juu ya paja, akiandika upesi maneno ya yule mjane yasije yakampotea.

Nawe unayesoma, Mungu akujalie rafiki wa kukuambia kosa lako mapema, na wewe uwe rafiki wa namna hiyo kwa mwingine. Akupe na kicheko kisichomwumiza mtu. Amina.