Kabati la Kofia la Vernell Pettway

Vernell Pettway alikuwa na kofia thelathini na nane za kanisani, na kila moja ilikuwa na mahali pake katika kabati lake la nguo, mtaa wa Orange Mound, Memphis. Zilikuwamo za manyoya, zilikuwamo za wavu, na moja ya zambarau ilikuwa pana kiasi kwamba aliyekaa nyuma yake ibadani alimsikia mchungaji tu, kumwona asahau. Ndani ya kabati hilo, kati ya kofia na makoti mazito ya marehemu mumewe, ndimo ilimorekodiwa albamu ya kwanza ya Mfalme Trell.

Mfalme Trell ni jina la jukwaani. Nyumbani ni Dontrell, mtoto wa kaka yake Vernell, kijana wa miaka ishirini na mitatu na ufalme wake wote, lakini kutandika kitanda hajui. Alikuja mchana mmoja na rafiki yake Odell, wamebeba mashine ya kurekodi na maikrofoni iliyovalishwa soksi.

"Shangazi, tunaomba kabati."

"Mnataka kuvaa nini?"

"Hatuvai kitu. Yale makoti yanameza mwangwi. Studio za wenye nazo wanabandika sponji ukutani, sisi tuna makoti ya anko."

Vernell akawatazama kuanzia viatu hadi kichwani, kisha akatoa masharti mawili. Kofia zisiguswe, na tusi lisitamkwe. "Kofia zangu zinaingia nyumba ya Bwana kila Jumapili," akasema. "Sizipeleki kule zimejaa uchafu wa midomo yenu. Nikisikia tusi, nagonga."

Na aligonga kweli. Miezi mitatu mizima alikaa kwenye stuli nje ya mlango wa kabati, bakuli la maharage mapajani, mwiko mkononi. Dontrell akichana mistari yake ya rapu kwa adabu, yeye anachambua maharage yake. Dontrell akiteleza tu, ngo ngo ngo! "Nimesikia! Rudia!" Mfalme anarudia, jasho linamtiririka kati ya makoti. Siku nyingine Biskuti, mbwa wa jirani, alibweka chini ya dirisha, ikabidi wote wasubiri amalize hoja zake.

Msidhani Vernell aliupenda ule muziki. Hakuupenda hata kidogo. Lakini kulikuwa na kitu alichokitaka, tena alikitaka mpaka usingizi ukampaa. Memphis, mtu akitoa albamu ya kwanza, huandika shukrani kwenye karatasi ya ndani ya kaseti: Mungu kwanza, mama mzazi, halafu mtaa mzima, mpaka aliyeazimisha waya wa umeme. Ukiachwa humo, basi umeachwa mbele ya watu. Kuna ndugu wawili pale mtaani hawajasalimiana tangu kaseti fulani itoke, na wanakaa mlango kwa mlango.

Sasa sikilizeni kwa nini jina lilimuuma hivyo. Vernell alipika shuleni miaka thelathini na mmoja. Siku ya kwanza kazini alipewa aproni ya mwanamke aliyestaafu, nayo ilikuwa imedariziwa kifuani: Gladys. Akaahidiwa yake itakuja wiki ijayo. Wiki ijayo ilichukua miaka sita. Watoto wakamwita Bi Gladys, walimu wakamwita Bi Gladys, na mwalimu mkuu alimpa kadi ya Krismasi ya Gladys. Alipopata aproni yake mwenyewe, watoto wakauliza huyu Vernell ni nani, na Gladys amekwenda wapi. Alicheka, ndiyo, maana ilichekesha. Lakini alicheka akiwa ameipa sufuria uso.

Kwa hiyo Dontrell aliposema, "Shangazi, utakuwemo kwenye shukrani, wewe tena?" yeye aliwatangazia wahudumu wenzake wote wa mlangoni pale Kanisa la Mlima wa Tumaini, wanawake tisa wenye glavu nyeupe na masikio marefu.

Kaseti ikatoka Jumamosi. Wahudumu walikuwa kwake, wanakula kambare wa kukaanga na mkate wa mahindi, Dontrell akapita mbio, akaacha moja mezani, akarudi kwenye gari lake ambalo buti lake lilikuwa limejaa kaseti za kuuza. Dada Ozella Crump, jirani na mwenye mbwa, aliiwahi kabla Vernell hajafuta mafuta mikononi. Akavaa miwani. Akasoma kwa sauti ya kusoma Zaburi.

Majina sitini na manne. Mungu alikuwemo. Mama alikuwemo. Kinyozi, muuza matairi, fundi wa meno, wasichana wanne ambao hakuna aliyewajua. Ozella akafika mwisho, akageuza karatasi, akarudi mwanzo.

"Vernell, mbona hupo?"

"Soma vizuri."

"Nimesoma vizuri, dada. Biskuti yupo. 'Na Biskuti, kwa kampani.' Mbwa wangu yupo, shoga yangu, wewe hupo."

Hakuna aliyetafuna. Vernell akasema kambare wanapoa. Walipoondoka alikaa jikoni na kaseti ile mbele yake, akalia kidogo, akajifuta kwa taulo la vyombo. Hakuisikiliza. Aisikilize ili iwe nini?

Jioni Dontrell akaja kuulizia kambare aliyebaki.

"Kambare wako ameliwa na Biskuti," akajibiwa. "Si ndiye mliyerekodi naye?"

Dontrell akaichukua ile karatasi, akaipitia mpaka chini. "Shangazi, nilisahau. Haki ya Mungu nilisahau. Niliandika nimesimama pale kwa mchapaji, anataka kufunga. Nikawaandika wale ambao nikiwaacha watanipiga."

"Na mimi?"

"Wewe nilijua hutanipiga."

"Nani alikwambia?" akauliza Vernell, akaufikia mwiko, na Mfalme akatoka kwa mlango wa nyuma bila ufalme.

Kesho yake Vernell alivaa ile ya zambarau, maana siku ya aibu ndiyo ya kuvaa kubwa. Akasimama zamu yake, glavu nyeupe, mkono mmoja mgongoni. Katikati ya mahubiri, vijana wa benchi la nyuma wakaanza kunong'ona. Akawainamia kama alivyowainamia kila Jumapili, akasema polepole, "Nimesikia."

Benchi zima likapasuka kwa kicheko. Mmoja alicheka hadi akaanguka magotini, watu wakadhani ameguswa na Roho, wakaitikia amina. Wengine wakagonga mbao za benchi, ngo ngo ngo, wakamalizia kwa pamoja: "Rudia!" Mchungaji, maskini, akadhani anaambiwa yeye, akairudia aya yote.

Vernell akajua anadhihakiwa. Ibada ilipokwisha aliwafuata mpaka uwanja wa magari, na huko akasimama ghafla. Gari moja lilikuwa limefunguliwa milango yote, spika zinatikisa vioo. Mfalme Trell alikuwa anachana mistari, na kila alipokaribia tusi, ngo ngo ngo! "Nimesikia!" Sauti yake. Sauti yake Vernell mwenyewe, imepandishwa juu ya mdundo, na vijana wanaisubiri kwa hamu wakiwa wamenyoosha vidole hewani. Ikapita. Ikaja tena kwenye wimbo wa pili. Wimbo wa tatu ulianza na yeye kabisa, akiuliza, "Mmekula lakini?"

"Ndiyo ziba-tusi yetu," Odell akamweleza, akitoka garini, kofia mkononi. "Tulijaribu kengele, tukajaribu honi. Hakuna kitu kinafunika tusi kama wewe, Shangazi."

Ozella alikuwa amesogea, pochi kifuani. "Vernell! Kumbe ni wewe?"

"Mbwa wako amebweka mara ngapi kwenye hiyo kaseti, Ozella?"

"Mara moja."

"Haya," akasema Vernell, akairekebisha kofia yake.

Mnadhani yaliishia hapo? Thubutu. Siku ya pili Dontrell akaja akitabasamu, akijua amesamehewa. "Umeona, Shangazi? Uko albamu nzima!"

"Sauti ni sauti. Jina ni jina. Zimebaki kaseti ngapi kwenye buti?"

"Kama mia nne."

"Zilete ndani."

Akamkalisha mezani na kalamu ya wino mweusi, afungue moja moja na kuandika jina la shangazi yake kwa mkono, chini ya mama mzazi, juu ya kinyozi. Odell alifungua, Dontrell aliandika, Vernell alikaa kwenye stuli yake na maharage yake. Saa ya kwanza ilipita kwa amani. Kwenye kaseti ya sabini mwandishi akaanza kutikisa vidole, kisha akajaribu ujanja. Ngo ngo ngo! Mwiko ukagonga meza.

"Nimeona! Hiyo ni nini?"

"Shangazi V. Kila mtu anajua ni wewe. Mkono unaniuma, Shangazi, mia tatu zimebaki!"

"Mimi nimeitwa Gladys miaka sita," Vernell akasema, "na mkono wangu ulikuwa unakoroga uji wa watu mia tano. Andika Vernell Pettway."

Dontrell hakujua habari za Gladys. Hakuna aliyewahi kumwambia. Akamtazama shangazi yake, akainama, akaikata ile V, akaandika jina lote, taratibu, kwa mwandiko mzuri kuliko ule wa mwanzo. Kisha akazivuta zile sabini za kwanza na kuanza kuzikagua upya bila kuambiwa.

Vernell akaweka maharage chini, akaenda jikoni kukaanga samaki. Kutoka huko akauliza, "Mmekula lakini?" na wote wawili wakaitikia kwa pamoja, kwa mdundo ule ule wa kaseti.