Kwaya Nzima Ilipothibitisha Ufundi wa Nekesa

Nakumbuka asubuhi moja ya ukungu kule Olenguruone, nimesimama nje ya karakana ya kiwanda cha maziwa, nimebeba kofia ya kuchomelea ya binti yangu kama mtu aliyebeba keki ya harusi. Mwanangu unayesoma haya, aibu niliyoipata siku ile nilijitafutia mwenyewe, kwa kidole.

Nekesa ni kitinda mimba wangu. Alisomea kuchomelea vyuma, kisha akakaa nyumbani Nakuru muda mrefu akitengeneza mageti ya majirani. Aliposikia kiwanda kile kinatafuta fundi wa matangi ya maziwa, akaomba kazi. Nami nikataka kusaidia. Nikaingia katika ule mtandao wa kazi ambako mtu huandika ujuzi wake na wengine hubonyeza kuthibitisha kwamba anauweza. (Mimi mwenyewe nimethibitishwa huko kuwa mtaalamu wa kompyuta, na simu tu hunishinda.) Nikabonyeza. Kisha nikaandika kwenye kundi la kwaya yetu: "Wapendwa, tumshike mkono Nekesa."

Waliitikia kama mchango wa harusi. Kufikia jioni, soprano hadi besi walikuwa wamethibitisha kwamba binti yangu ni bingwa wa kuchomelea chuma kisichoshika kutu. Hakuna aliyewahi kumwona ameshika mashine. Hata mimi, mwanangu. Kila alipoanza kazi uani nilikuwa naingia ndani, eti cheche zinaniumiza macho.

Basi meneja, mama aitwaye Chelangat, akatoka na simu mkononi.

"Nekesa, uko na watu wengi hapa. Huyu Mama Ruth alikuona wapi ukichomelea?"

"Hajaniona, madam. Yeye ni soprano."

"Na huyu Mzee Wafula?"

"Huyo ni baba. Ndiye huyo amebeba kofia."

Vijana wengine waliokuja kutafuta kazi hiyo wakaangua kicheko. Mmoja akaniambia, "Mzee, si ungekuja na kinanda pia!"

Meneja hakucheka. "Tangi likivuja, maziwa ya wakulima yamwagike, nitawaambia nini? Kwaya itakuja kuwaimbia?" Akageuka kumwita mtu mwingine.

Mapenzi yangu yalikuwa yanamnyima mtoto kazi mbele ya macho yangu.

"Madam," Nekesa akasema, "futa hao wote. Futa na baba. Nipe tu chuma."

Meneja akamwonyesha kwa kidevu meza moja ndani ya karakana, yenye vipande viwili vya chuma, naye Nekesa akachukua kofia yake kwangu akaenda kuviunga.

Kijana aliyenicheka akaniazima miwani yake ya giza, nikasimama nikatazama. Mara ya kwanza! Mkono wa Nekesa ulisogea polepole, bila kutetemeka, kama wa mama yake akishona pindo. Chuma kilipopoa, akakisugua chaki upande mmoja wa kiungo, akapaka mafuta taa upande wa pili. Mafuta hupenya hata kwenye tundu lisiloonekana, na chaki huonyesha doa.

Tukainama sote kungoja, meneja, vijana na mimi. Chaki ikabaki nyeupe. Tukangoja tena. Nyeupe!

Meneja akapitisha kidole juu ya kiungo. "Laini. Hapa maziwa hayatapata pa kung'ang'ania. Nekesa, Jumatatu unaanza."

"Mzee!" yule kijana akapaza sauti. "Sasa bonyeza!"

Nilifuta uthibitisho wangu wa kwanza, mwanangu, nikabonyeza upya. Halafu nikaimba, humo humo karakanani, kwa sauti yangu yote, na Nekesa akaniacha niimbe. Leo nikisikia wakulima wa huko wakisifu tangi lao, natabasamu. Nilikuwepo.

Kwa hiyo nakusihi, usimshuhudie mtu kwa jambo ambalo hukuliona. Sifa ya bure haimjengi unayempenda. Humwacha ajitetee mbele ya wageni kwa ajili ya maneno yako. Ukimpenda, toka nje, simama karibu na kazi yake, vumilia cheche. Na wewe ukisifiwa na wasiokujua, usihesabu. Omba chuma.

Mungu aibariki mikono yako iwe na kazi ya kuonyesha, na akupe walau mtu mmoja atakayesimama hapo hadi chaki ibaki nyeupe.