Mkono wa Koki

Mtaa mzima ulimwita Koki, na yeye aliitika. Alikuwa fundi bomba tangu ujana wake, mtu mrefu, mwenye magoti yaliyochoka kwa kuingia chini ya masinki ya watu, na mdomo usioishiwa utani. Mteja akimuuliza, "Fundi, hili bomba litapona?" alijibu, "Bomba litapona, wasiwasi wangu ni wewe unavyohema."

Kitu kimoja hakukifanyia utani. Hakukubali kufunga kifaa kisicholingana na kile kilichotoka. Wapo mafundi ambao wakikosa wosha, ile pete ya mpira inayozuia maji, hukata kipande cha kandambili wakakipachika, na baada ya siku chache maji yanaanza tena kudondoka. Koki alizunguka na kifaa kibovu mfukoni, duka hadi duka, akipitisha ukucha kwenye nyuzi za chuma, ile mikato ya kukazia, kuona kama zinafanana, mpaka apate pacha wake. Vifaa alivinunua kwenye maduka makubwa ya mjini. Kile kiduka cha vipuri kilichokuwa mtaani kwao, cha mama mmoja mnene mwenye miwani, alikidharau. Alisema ni duka la wanaojifunza.

Nyumbani aliishi na mama yake. Mkewe alikwishafariki, watoto wake wameoa na kuolewa mbali. Nyumba ilikuwa ya zamani na shawa yake ya zamani vilevile, bomba zito la shaba lenye mkono wa duara wa kuzungusha. Maji yalitoka kwenye tangi la uani, ambalo walilitumia pamoja na wapangaji wa vyumba vya nyuma.

"Mwanangu," mama yake alimwambia asubuhi moja wakinywa chai, "lile bomba la bafuni limekuwa gumu."

"Nitaliangalia, mama."

Na kweli aliliangalia. Alilifungua, akabadilisha wosha, akapaka grisi kwenye shina la ndani, kile chuma kinachozunguka pamoja na mkono, akalifunga. Alipolizungusha, liliteleza kama limetoka dukani.

"Bomba zima, mama. Hata mtoto mchanga analifungua."

"Ahsante, baba yangu," alisema mama.

Baada ya muda akalalamika tena. Koki akalifungua tena, hakuona kasoro. Safari ya tatu alicheka tu, akamwambia, "Mama, wewe na hilo bomba mna ugomvi wenu, mimi msinitie katikati."

Mama hakulitaja tena. Ila Koki alianza kukuta shawa ikichuruzika baada ya mama kuoga. Alimkumbusha kufunga vizuri, mama akaitikia. Kesho yake ikachuruzika vilevile. Mwisho wake ukawa mchana mmoja wa jua kali. Koki alirudi kutoka kazini akakuta wapangaji wamesimama uani na ndoo tupu, tangi limekauka kabisa, na bafuni matone ya mwisho yanadondoka. Mama alikuwa amekaa kwenye kiti chake mlangoni.

Kwa aibu ya kuonekana fundi ambaye kwake maji yanamwagika, Koki alipaza sauti mbele ya watu wote.

"Mama, umekuwa mtoto sasa? Kufunga bomba tu kunakushinda?"

Wapangaji wakatazama chini. Mama akavuta khanga yake, akaficha mikono ndani, akasema polepole, "Nisameheni wanangu. Nimepitiwa."

Wiki ile ile alimpigia simu binti yake, mdogo wake Koki, aje kumchukua. Alisema anakwenda kuwaona wajukuu. Koki alimbebea mzigo hadi kwenye gari, na mama akamuaga kwa upole kama kawaida. Wajukuu hao hawakuisha kuonwa. Mwezi ukapita, ukaja mwingine, na kila Koki akiuliza kwenye simu lini atarudi, mama alisema, "Nikimaliza-maliza hapa."

Siku moja Koki alikuwa anaoga mwenyewe. Alikaza mkono wa shawa kwa nguvu zake za kifundi, ukapasuka kiganjani. Ilikuwa Jumapili, maduka ya mjini yamefungwa. Akaona basi, liwalo na liwe, akavaa shati akaenda kwenye kile kiduka cha mtaani.

Mama mwenye duka alikipokea kile kipande, akakigeuza, akavua miwani, akaivaa tena.

"Huu mkono naujua," alisema. "Aliuleta hapa mama mmoja mtu mzima, ameufunga kwenye kitambaa, alisema mpangaji ndiye aliyemfungulia. Akaniambia anataka ule mkono mrefu, wa kusukuma kwa kiwiko."

"Mama gani?"

"Sikumuuliza jina. Mfupi, mpole, ana mwanya. Nikamweleza mikono mirefu haiingii kwenye shina la bomba hilo, tundu zake tofauti. Lazima abadilishe na shina la ndani, na mashina ya bomba hizi za zamani hayapatikani kirahisi. Nikamwambia, mlete fundi tuongee naye. Akasema fundi wake ana kazi nyingi, hataki kumsumbua."

Koki alishika ukingo wa meza.

"Masikini," aliendelea yule mama, "vidole vilikuwa vimejikunja hivi. Hata zipu ya pochi yake ilimshinda, nilimfungulia mimi. Unamfahamu?"

"Namfahamu," alisema Koki.

Alirudi nyumbani akakaa kitandani na taulo begani, bafuni hakurudi. Alikumbuka jinsi mama alivyokuwa akishika kikombe kwa mikono miwili. Aliona kila siku, akadhani anaota joto. Alikumbuka khanga siku ile uani, na mikono iliyofichwa.

Tangu kesho yake alianza kutafuta lile shina. Mjini walimwambia, "Mzee, vitu hivyo havitoki tena, nunua seti mpya." Seti mpya ilitaka kuvunja ukuta, na ukuta wenyewe wa zamani ungeporomoka na vigae vyote. Alijaribu shina moja, likaingia mizunguko miwili likagoma. Alijaribu jingine, likacheza ndani kama jino bovu. Hatimaye alisikia kuna nyumba ya zamani inabomolewa, akaenda akapekua vumbi na mawe mchana kutwa, akapata bomba lenye shina la umbo lile lile, lakini la mkono mrefu. Alilisafisha, akalifunga, akasimama bafuni na nguo zake akausukuma ule mkono kwa kiwiko. Maji yakamwagika kichwani. Akausukuma tena, yakakatika.

Jumamosi alikwenda kwa mdogo wake. Alimkuta mama sebuleni, dada mtu anamfunga vifungo vya gauni.

"Mama, nimebadilisha bomba," alisema Koki, bado amesimama. "La kusukuma. Kama ulivyotaka."

Mama alimtazama, akaelewa kwamba amejua.

"Ungeniambia mikono, mama. Kwa nini hukuniambia?"

"Nilikwambia bomba gumu."

"Nikadhani bomba."

"Na mimi nilitaka udhani bomba," alisema mama. "Nilikuwa naona haya, baba. Nikajua wewe fundi, utagundua mwenyewe."

Koki akapiga magoti, akamuomba radhi kwa yale maneno ya uani. Mama akamwekea kiganja kichwani, akasema amekwisha kumsamehe zamani, aketi apate chai. Lakini Koki alipomuomba warudi pamoja nyumbani, mama alitikisa kichwa. "Hapa nimezoea. Siku moja nitakuja kukutembelea."

Alikuja baada ya msimu wa mvua kuisha, pamoja na binti yake, kwa siku mbili. Mikono ilikuwa imezidi kukakamaa, sasa mpaka viwiko. Asubuhi waliingia bafuni wote wawili, mama na binti. Koki alikaa barazani akasikia maji yakifunguliwa, na sauti ya mdogo wake ikisema, "Sogea hapa, mama, nikusugue mgongo," kisha wote wawili wakacheka kitu ambacho hakukisikia vizuri.

Walipotoka, mama alisimama mlangoni amejifunika khanga mbili, uso unang'aa mafuta.

"Bomba zuri, mwanangu," alisema. "Laini kabisa."

"Ulilijaribu, mama?"

Mama akamtazama binti yake, kisha akamtazama yeye.

"Nimeliona," alisema.